NDOO NA NDIA SI MAKOSA

Wahenga hawakukosea waliponena kwamba mkataa kwao ni mtumwa. Muhula uliopita, katika kikao cha chama chetu, tulipewa mada ya insha ya kubuni: kisiwa kinachoelea baharini, ambacho umbo lake linatokana na sauti za wakaazi wake. Wakisema kinapanuka, wakinyamaza kinapungua. Wenzangu waliandika habari za majini na ndege wasemao. Mimi nilikaa nikiuma kalamu. Kwa nini nikibuni kisiwa ambacho ninaishi ndani yake?

Hebu tutazame. Ukitoka hapa Mtwapa ukavuka daraja kwenda kusini, unaingia kwa wenye Kimvita. Ukielekea kaskazini, Kilifi hadi Malindi, unapokelewa na Kichonyi, Kikauma na Kigiriama. Ukizidi kwenda hadi Lamu, utakikuta Kiamu. Sasa chukua neno moja tu. Sisi shuleni twasema maji. Mwamu atasema mai, Mgiriama madzi. Shuleni ni nchi. Mmvita husema nti, Mgiriama tsi. Neno ni lile lile, limepanda jahazi likashuka bandari mbalimbali. Wazee wetu husimulia kwamba zamani, kabla ya daraja, kivuko cha Mtwapa kilivutwa kwa mikono huku wavutaji wakiimba. Basi chombo kilielea juu ya maji na sauti ndiyo iliyokipeleka. Mnataka kisiwa gani tena?

Lakini kisiwa hiki kinapungua, na mimi ni mmoja wa wanaokipunguza. Nitaeleza.

Nilipokuwa Kidato cha Kwanza katika shule niliyosoma mwanzo, rafiki yangu kutoka bara alikuja kwetu wikendi moja. Bibi yangu alikuwa amekaa barazani akisuka ukuti. Akamwita, "Ndoo, mwanangu, ndoo!" Rafiki yangu, kwa adabu zake zote, akakimbilia uani akarudi na ndoo ya maji! Sote tulicheka, na Bibi alicheka zaidi hadi machozi yakamtoka. Baadaye alitufundisha kwamba katika Kimvita ndoo ya kumwita mtu hutamkwa ulimi ukigusa meno, na ndoo ya kuchotea maji ulimi hurudi nyuma kidogo. Mwenye sikio hawezi kuzichanganya. Kumbe makosa hayakuwa ya mgeni wala ya Bibi. Ni sauti mbili ambazo maandishi yetu yamezifanya moja.

Muhula huo huo nikaandika katika insha, "Tulipofika katikati ya ndia." Nilirudishiwa daftari lina alama nyekundu, na sentensi yangu ikasomwa mbele ya darasa. Wallahi walicheka! Nikabatizwa jina "Ndia" hadi shule zikafungwa. Niliporudi nyumbani, uchungu wangu niliumalizia kwa asiye na hatia. Kila Bibi aliposema ndia, nilimkatiza, "Ni njia, Bibi." Akisema mato, mimi, "Macho, Bibi." Hakunigombeza. Alipunguza maneno tu. Wenzangu wakija alijibu salamu kisha akanyamaza. Na hadithi zake za jioni zikaisha, eti asije akaniharibia Kiswahili.

Wasomaji wapenzi, jambo hilo linanikeketa maini mpaka leo.

Najua wako watakaosema, "Je, mtihani tutaufanya kwa lahaja ngapi?" Swali hilo ni la haki. Mtahiniwa wa Busia na wa Mandera wanahitaji Kiswahili kimoja wanachoelewana, na mimi mwenyewe naandika makala haya kwa Kiswahili sanifu. Sisemi tukitupe, la hasha! Nasema tukumbuke kilikotoka. Mwaka wa 1928, mkutano uliofanyika papa hapa Mombasa uliamua kwamba Kiunguja kiwe msingi wa usanifishaji, na mwaka wa 1930 ikaundwa kamati ya kuisimamia kazi hiyo. Yaani sanifu yenyewe imejengwa juu ya lahaja ya kisiwa! Laiti uamuzi ungeelekea upande mwingine, leo huenda mimi ningepata alama na mwenzangu wa Unguja angechekwa. Na je, nani atasema Muyaka bin Haji hakujua Kiswahili, naye alitunga kwa Kimvita?

Tena lahaja si mzigo, ni ghala. Marehemu Ahmed Sheikh Nabhany wa Lamu alipotafuta jina la televisheni hakwenda mbali. Alichukua rununu na maninga, maneno yaliyokuwa yamesahauliwa na wengi, akatupa runinga. Tukilifunga ghala, kesho tutakopa kwa nani?

Kwa hiyo napendekeza mambo matatu. Kwanza, chama chetu kiwe na daftari moja kubwa, na kila Ijumaa kila mwanachama alete neno moja la kwao, liwe la Kidigo, Kipokomo au Kimvita, pamoja na maana yake. Pili, wakati wa likizo tuwarekodi wazee wetu wakisimulia, kwa ruhusa yao. Tatu, na hapa nawaomba walimu wetu kwa heshima, mwanafunzi akiandika ndia, aandikiwe pembeni "lahaja: sanifu ni njia." Alama akose ikibidi, lakini asiambiwe kwamba bibi yake hajui kusema.

Twendapo ziara Jumba la Mtwana, hapo karibu na ufuo, tunaziona kuta za mji uliohamwa katika karne ya 15. Mawe tumeyahifadhi vizuri. Sauti za wenyewe, walivyoitana na walivyotaniana, hatuna hata moja.

Likizo iliyopita niliketi na Bibi barazani, nikamwambia, "Bibi, nisamehe. Nipe hadithi, na useme ndia." Alinitazama kitambo, akaweka ukuti chini. "Haya," akasema, "ndoo basi, kaa hapa."

Nami nikakaa. Je, wewe mwenzangu, wa kwenu umemnyamazisha?