Ukaguzi utangulie kufukuza

Mhariri,

Wapo wanaokasirika mwalimu mkuu anayetuhumiwa kutafuna fedha za shule akikimbilia mahakamani. Mimi nasema ni haki yake: Katiba ya 1977, Ibara ya 13(6)(a), inampa nafasi ya kusikilizwa na kukata rufaa. Kosa ni la viongozi wanaomfukuza papo hapo mkutanoni, wazazi tukipiga makofi, kabla ya ukaguzi. Stakabadhi hazikukusanywa, mihtasari ya kamati haionekani. Kesi ikifika, mwizi hushinda sawa na aliyesingiziwa, na ruzuku ya watoto ndiyo imekwenda. Naziomba halmashauri zipeleke mkaguzi siku ile ile tuhuma inapotoka, achukue vitabu vya hesabu.

Mzazi,
Dodoma.