Aliyeishika Kamera

Katika filamu Atanarjuat: The Fast Runner ya mwaka 2001, mtu anakimbia uchi juu ya barafu ya bahari. Ndugu yake ameuawa hemani punde hivi, na wauaji wenye mikuki wamo nyuma yake. Kamera inakwenda naye hatua kwa hatua. Mwisho kabisa, majina ya wasanii yanapopita, twafunuliwa siri: kamera ilikuwa imepandishwa juu ya sleji, kile kigari cha kuburuzwa barafuni, chombo ambacho Wainuiti wamekitumia tangu enzi za mababu.

Aliyeishika kamera hiyo ni Norman Cohn, mzaliwa wa New York. Kabla ya kwenda Kaskazini alikuwa akitengeneza video za watu ambao wengi wetu huwapita bila kuwatazama: watoto, wazee, wagonjwa. Mwaka 1985 alikutana na Zacharias Kunuk na Paul Apak Angilirq, kisha akahamia Igloolik, kijiji cha Wainuiti katika eneo ambalo leo laitwa Nunavut, nchini Kanada. Kijiji hicho kilikuwa na msimamo. Mwaka 1975, na tena 1979, wakazi wake walipiga kura kuikataa televisheni, kwa sababu haikuwa na chochote kwa Kiinuktitut. Kunuk mwenyewe alikuwa mchonga vinyago vya mawe. Mwaka 1981 aliviuza Montreal akanunua kamera ya video. Mwaka 1990 watatu hao, pamoja na mzee Pauloosie Qulitalik, wakaunda kampuni ya Isuma, neno lenye maana ya kufikiri.

Wapo wasemao kwamba hadithi za wenyeji zipigwe picha na wenyeji peke yao. Naielewa hoja hiyo, maana jicho la mgeni limetutia aibu mara nyingi. Ila kazi ya Cohn yanifanya niulize swali jingine kwanza: je, mpigapicha anaitumikia lugha ya nani? Apak aliwarekodi wazee wanane, kila mmoja akiisimulia ngano ya Atanarjuat kwa namna yake, na andiko likajengwa kwa Kiinuktitut. Toleo la Kiingereza liliandikwa pia, kwa kuwa wenye fedha walitaka kusoma. Apak alifariki mwaka 1998, kabla ya kuiona filamu. Mwaka 2001 ilipata tuzo ya Caméra d'Or huko Cannes.

Tazama jinsi picha zinavyoitikia usemi. Mzee akizungumza, kamera haimkatizi. Hukaa karibu, kimo cha mtu aliyeketi naye kwenye ngozi, nuru ikitoka kwenye taa ya mafuta ya sili. Filamu yachukua karibu saa tatu. Aliyezoea utenzi hatashangaa, kwani anajua kwamba msimulizi hajali saa.

Nina kisa changu. Miaka michache iliyopita niliombwa kutafsiri mazungumzo ya filamu fupi, kutoka Kiingereza, "ili wahusika waseme Kiswahili." Kulikuwa na mke anayetuhumiwa na wifi yake. Katika andiko alijibu kwa hotuba ndefu. Nikaifuta yote, nikashauri anyamaze, apite mbele ya wifi akiwa amejifunga kanga, na jina la kanga liwe ndilo jibu. Wakakubali kwa furaha. Nilipoiona filamu, mke alinyamaza kweli, akapita kweli, na picha ilikuwa imekatwa mabegani. Maandishi hayakuonekana. Mpigapicha, kijana hodari na mwenye adabu, alikuwa amepewa andiko la Kiingereza tu, na humo palisomeka: anapita kimya. Simlaumu. Alipiga picha ya kimya alichoandikiwa.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiwaza juu ya Fumo Liyongo, ambaye utenzi wake ulitungwa na Muhammad Kijumwa mwaka 1913. Siku moja atatokea wa kuufanya filamu, nami naomba iwe hivyo. Liyongo yumo gerezani, tupa imefichwa ndani ya mkate wa wishwa aliopelekewa na mama yake, na nje watu wanapiga ngoma kama alivyowafundisha, ili sauti yao imeze sauti ya tupa ikikata pingu. Andiko likitungwa kwa lugha nyingine, naogopa ngoma hiyo itaandikwa kuwa muziki wa nyuma, na kamera itabaki na misuli ya shujaa. Ilhali ngoma ndiyo mpango wenyewe wa kutoroka. Bila mikono ya wapigaji kuonekana, na bila mpigapicha kujua ni pigo lipi linalofunika mkwaruzo upi, hapana utenzi pale. Pana mtu na minyororo.

Kwa hiyo malenga wenzangu, tukialikwa kwenye filamu, tusikubali kuitwa mwishoni kutia maneno vinywani. Tudai kukaa na mwenye kamera kabla hajachagua mahali pa kusimama, tumsomee beti kwa sauti, hata kama hajui Kiswahili, na tumweleze ngoma inaanzia wapi.