Mafuta yakimwagika baharini, risiti yako iko wapi?

Ukiagiza mtungi wa gesi, yule jamaa anayekuletea kwa nduthi hufanya kitu kimoja kabla ya kuondoka. Anachukua maji ya sabuni, anapaka pale regulata inaposhikana na mtungi, halafu anaangalia. Povu likitulia, sawa, pika chai. Ukiona viputo vinafura, gesi inavuja.

Sasa fikiria viputo vinafura mbele ya macho yenu wawili, halafu jamaa anakwambia, "Hiyo ni hewa tu, washa." Utawasha kweli?

Usiku wa Aprili 20, 2010, watu wenye digrii na mishahara minono waliwasha.

Naongea kuhusu Deepwater Horizon, ule mtambo wa kuchimba mafuta uliolipuka katika Ghuba ya Mexico, Marekani. Najua baadhi yenu mlikuwa bado mnabebwa mgongoni. Wengine mmeona ile filamu ya 2016 yenye Mark Wahlberg, moto mwingi na watu kuruka majini. Shida ya filamu ni kwamba inaisha watu wakishaokolewa. Mambo yenyewe yalianzia hapo, na yanatuhusu sisi kuliko unavyodhani.

Twende pole pole. Mtambo ulikuwa unaelea kama kilomita 66 kutoka pwani ya Louisiana. Chini yake kulikuwa na maji ya kina cha mita 1,500, na chini ya sakafu ya bahari kisima kilishuka kilomita nne hivi zaidi. Kisima kiliitwa Macondo. Mwenye kazi alikuwa kampuni ya BP, mtambo ulikuwa wa Transocean, na saruji ya kuziba kisima ilitoka Halliburton. Kumbuka hayo majina matatu, kwa sababu baadaye kila mmoja alimnyooshea mwenzake kidole mbele ya wabunge wa Marekani.

Kuchimba kulikuwa kumekwisha. Kilichobaki ni kukiziba kisima kwa muda, ili mtambo mwingine uje kuvuna mafuta baadaye. Lakini ratiba ilikuwa imechelewa kwa zaidi ya mwezi, na kila siku iliyopita ilimeza karibu dola milioni moja. Unajua mdosi huwa namna gani pesa zikianza kuvuja. Kila kitu kinakuwa "fanya haraka tutoke hapa".

Kwa hivyo wakaanza kuruka hatua. Kuna vyuma vinavyoshikilia bomba katikati ya shimo ili saruji ienee sawasawa pande zote. Hesabu za Halliburton zilionyesha vinahitajika 21. Vilitumika sita. Halafu kulikuwa na kikosi cha wataalamu kilichopelekwa mtamboni kupima kama saruji imeshika. Asubuhi ya siku hiyo hiyo ya mlipuko kikarudishwa nchi kavu bila kupima chochote. Kipimo hicho kingegharimu kama dola 128,000, yaani chini ya gharama ya saa nne za mtambo ule.

Kisha kikaja kipimo cha sabuni chenyewe. Walipunguza uzito uliokuwa umekandamiza kisima ili waone kama kitatulia. Presha ikapanda. Wakarudia. Ikapanda tena. Kisima kilikuwa kinawaambia wazi kwamba kinavuja. Badala ya kusimama, mtu akatoa maelezo fulani ya kitaalamu kwa nini presha ile haikuwa na maana, wengine wakaridhika, kazi ikaendelea. Hiyo ni hewa tu.

Saa nne kasoro dakika 11 usiku, gesi ilipanda hadi juu ya mtambo ikapata moto. Watu 126 walikuwa humo. 11 kati yao walikufa, na miili yao haijawahi kupatikana. Chini kabisa kulikuwa na vali kubwa kama jumba, kazi yake kukata bomba na kukiziba kisima mambo yakiharibika. Ilishindwa, kwa sababu bomba lilikuwa limepinda ndani yake. Siku mbili baadaye mtambo ukazama.

Na hapa kuna jambo linaloniuma. Kila mfanyakazi kwenye mtambo ule, hata wa chini kabisa, alikuwa na ruhusa kwenye karatasi ya kusimamisha kazi akiona hatari. Lakini wiki chache kabla ya mlipuko, uchunguzi wa siri ulioagizwa na Transocean yenyewe ulionyesha kuwa baadhi yao waliogopa kuadhibiwa wakiripoti makosa. Kama umewahi kufanya kibarua popote, unaelewa. Mdosi anasema mlango wake uko wazi kila saa. Jaribu kuingia uone kama kesho utaitwa kazini. Na siku hiyo hiyo wakubwa wa kampuni walikuwa mtamboni kuwapongeza wafanyakazi kwa miaka saba bila ajali ya kumfanya mtu akose kazi. Wacha tu.

Kisima kilimwaga mafuta kwa siku 87. Mwanzoni umma uliambiwa ni mapipa 1,000 kwa siku. Baadaye ikawa 5,000. Wanasayansi walipopima vizuri, ilikuwa zaidi ya 50,000. Mahakama ilikuja kuamua kwamba mapipa milioni 3.19 yaliingia baharini, na makadirio ya serikali yalikuwa juu zaidi. Chukua hayo ya mahakama tu. Ni zaidi ya lita milioni 500. Piga picha ya yale malori ya mafuta unayopishana nayo Mombasa Road, kila moja na lita 35,000. Unahitaji zaidi ya 14,000.

Walijaribu kufunika kwa kuba la chuma, likakwama. Wakajaribu kukiziba kwa matope mazito, vipande vya tairi na mipira ya gofu. Sikutanii. Teknolojia ya mabilioni ilifika mahali pa kurusha mipira ya gofu kwenye shimo. Juu yake wakamwaga kama lita milioni saba za kemikali za kuyavunja mafuta vipande vidogo vidogo. Mafuta yakapungua mbele ya kamera. Baharini yalibaki, mengine yakashuka hadi sakafuni na kuua matumbawe yaliyokaa gizani kwa mamia ya miaka.

Kama kilomita 2,100 za ufuo zilipakwa mafuta, zaidi ya mara tatu ya pwani yetu ya Kenya. Mwari, yule ndege wa nembo ya Louisiana, alikuwa ametoka tu kwenye orodha ya viumbe walio hatarini miezi michache nyuma, akarudi kuonekana kwenye picha akiwa amelowa mafuta meusi. Katika ghuba ndogo ya Barataria, wanasayansi walifuatilia pomboo kwa miaka. Walikuta mapafu yameharibika, na kati ya majike wenye mimba, mmoja tu kwa kila watano alizaa ndama akaishi.

Na watu je? Zaidi ya thuluthi moja ya maji ya serikali ya Marekani katika ghuba hiyo ilifungwa, hakuna kuvua. Chaza ambao hawakuguswa na mafuta waliuawa na maji baridi ya mto yaliyofunguliwa kwa wingi ili kuyasukuma mafuta mbali na ufuo. Yaani hata dawa ilikuwa sumu.

BP ikaweka kando dola bilioni 20 za kulipa waathiriwa. Unafikiri hapo mambo yaliisha vizuri? Ili kulipwa, ulitakiwa ulete ushahidi. Fomu za ushuru. Risiti. Vitabu vya hesabu. Mwenye hoteli ya ufuoni alikuwa na mhasibu, akaleta faili nene. Lakini kibarua wa mashua aliyelipwa taslimu jioni alileta nini? Mama aliyekuwa akimenya kamba kiwandani kwa kuhesabiwa kilo je? Wavuvi wengi pale ni Wavietnamu waliohamia Marekani, na wengi wao walizoea biashara ya mkono kwa mkono, sehemu ya samaki inauzwa, nyingine inapelekwa nyumbani kuliwa. Samaki uliyemla na watoto wako hana risiti.

Kwa watu wa aina hiyo kulikuwa na njia ya mkato. Chukua dola 5,000 sasa hivi, utie sahihi kwamba hutashtaki tena. Ukiwa na kodi ya nyumba ya miezi mitatu, utasoma yale maandishi madogo?

Kampuni yenyewe ilikiri makosa ya jinai mwaka wa 2012 na kukubali kulipa dola bilioni 4. Miaka michache baadaye ikakubali dola bilioni 20.8 nyingine kwa serikali. Jumla ya gharama zake ilipita bilioni 65. Ni pesa nyingi, sikatai. Lakini kampuni ipo, inauza mafuta, na hakuna mtu hata mmoja aliyefungwa jela kwa vile vifo 11.

Sasa utaniuliza, Louisiana na sisi wapi na wapi?

Buda, bahari yetu imegawanywa vitalu vya mafuta kitambo. Mwaka wa 2014 kisima cha Sunbird-1 kilionyesha dalili za mafuta chini ya bahari ya Kenya. Miaka kadhaa baadaye kikachimbwa cha Mlima-1, mkabala wa Lamu. Bado hakuna kilichopatikana cha kuchimbwa kibiashara. Lakini bei ya mafuta ikipanda duniani, watu hurudi kufungua ramani za zamani.

Na suala la risiti tumeshalionja. Mwaka wa 2018 mahakama iliamuru wavuvi zaidi ya 4,600 wa Lamu walipwe kama Sh1.76 bilioni kwa sababu ujenzi wa bandari uliharibu maeneo yao ya kuvua. Ulikuwa ushindi mkubwa. Lakini pesa zilichelewa kwa miaka. Na fikiria mama karanga, anayenunua samaki ufuoni, akamkaanga na kumuuza mtaani jioni. Yeye haingii baharini. Samaki wakiisha, jina lake liko kwenye orodha gani?

Najua utasema nini. Vijana hawana kazi, nchi ina madeni, na sisi sote tunapanda matatu zinazokunywa dizeli. Kweli. Hata Louisiana, Rais Obama aliposimamisha uchimbaji wa bahari kuu baada ya mlipuko, wenyeji wengi walikasirika. Kwenye familia moja, ndugu mmoja ni mvuvi na mwingine anafanya kazi mtamboni. Siwezi kuwacheka, na siwezi kukucheka wewe unayetafuta kazi. Lakini hesabu pia upande huu: mtambo mzima ule ulikuwa na watu 126, wengi wataalamu. Pwani yetu ina maelfu wanaokula kwa sababu ya samaki, watalii na mikoko. Usiuze duka ili ununue tiketi ya bahati nasibu.

Kwa maoni yangu, hakuna mtu anayepaswa kupewa leseni ya kuchimba bahari yetu kabla ya kujibu mambo matatu hadharani. Moja, nani ana mamlaka ya kusema simamisha, na nani atamlinda asifutwe? Mbili, vifaa vya kuziba kisima kikilipuka viko umbali wa siku ngapi? Macondo ilikuwa karibu na Houston, kitovu cha biashara ya mafuta duniani, na bado ilichukua siku 87. Kutoka Lamu utampigia nani simu? Tatu, orodha ya kila mtu anayeishi kwa bahari iandikwe sasa, maji yakiwa safi, pamoja na mama karanga, mbeba samaki na kijana wa mashua ya watalii. Baada ya ajali kila mtu anakuwa mshukiwa wa uongo.

Usingoje mtu akufanyie. Katiba kifungu cha 42 kinakupa haki ya mazingira safi, na cha 35 haki ya kupata habari. Ripoti za athari kwa mazingira hutangazwa ili utoe maoni, na nyingi hupita kimya kwa sababu hatuendi. Usiseme wewe si injinia. Mimi chuo nilikiacha katikati, na ripoti ya tume ya Rais Obama kuhusu Macondo niliisoma kwa simu, bure, kwa bando za usiku. Sikuelewa kila ukurasa, ila nilielewa mahali waliporuka hatua.

Na kama unafanya kazi ya kulipwa mkononi, Pwani au hapa Nairobi, omba ulipwe kwa M-Pesa angalau mara moja moja. Usifute zile meseji. Siku moja hiyo ndiyo itakuwa fomu yako ya ushuru.

Ukisikia tangazo la kikao cha umma kuhusu mafuta au gesi mahali ulipo, nenda. Nenda hata kama ni kwa ajili ya soda. Ukipewa maikrofoni, uliza waziwazi: kipimo kilifanywa na nani, na viputo vilionekana ama havikuonekana? Akikujibu ni hewa tu, usikae chini.