Pasipoti ni dola 75, na inalipwa benki

Vijana wandugu, bei ya pasipoti yetu leo ni dola 75. Hapana 120, hapana ile "lete 200 utaipata juma hii". Tunaiandika wazi sababu komisionere mbele ya gishe atakuambia ingine.

Mukumbuke kwenye tunatoka. Mwaka 2015 Leta ilifanya mkataba na kampuni ya Semlex ya Ubelgiji, mwananchi akaanza kulipa dola 185. Mwaka 2017 Reuters ikaonyesha kama kwa ile 185, Leta ilikuwa inabakia na 65 tu. Watu wakapiga kelele, wengine wakapeleka mashitaka mpaka kule Ubelgiji. Mkataba ukaisha 2020, bei ikashuka kwa 99, na 2025 ikafika 75. Hakuna mukubwa aliyetupatia ile kama zawadi.

Sasa wewe ukiongeza dola 110 za komisionere juu ya zile 75, umerudia 185 ile ile. Na mara hii hakuna hata mkataba wa kuchunguza: pesa imeingia mfukoni, basi.

Pesa ya Leta haipite mkononi mwa ajenti. Dekreti ya tarehe 2 Februari 2002 inasema deni ya Leta inalipwa kwa njia ya benki. Kwa hiyo chukua note de perception yako, uende benki, utoke na bordero yenye muhuri. Mbele ya kuacha gishe, soma: jina lako liko sawa na lile la kitambulisho? Hesabu ni ile ile? Piga fotokopi, orijinali usimwachie mutu ovyo. Kutuma pesa kwa namba ya simu ya mutu, hata kama anavaa uniforme, ule si malipo kwa Leta. Na kwa DGM mpakani ni vile vile: wanakuomba pesa, uombe karatasi. Katiba, kifungu cha 174, inasema kodi inawekwa na sheria tu.

Mutatuambia: bila matabishi dosie inalala. Ndiyo, inalala, tunajua. Lakini mwenye bordero anaweza kuandika barua, kuweka kopi, kudai muhuri wa mapokezi, na sisi tunaweza kumusindikiza. Ule aliyelipa mkononi hana kitu cha kuonyesha, hata sisi tunashindwa tuanzie wapi.

Kuna wandugu wa Goma na Bukavu, kwenye mabenki yalifunga milango mwanzo wa 2025. Hao wanasafiri mbali kutafuta karatasi, wanafika wamechoka, na ni hao makomisionere wanangojea.

Tunadai kila gishe ibandike bei ukutani, kwa Kifaransa na kwa luga zetu ine, pamoja na jina la benki. Pale haijabandikwa, piga picha ya ule ukuta mtupu, mututumie.