Chupa za rangi ya kucha zinatupunja

Nina dukuduku langu kuhusu jambo ambalo baadhi ya wasomaji wataliona ni dogo mno, na wengine pengine watacheka kabla hawajafika katikati. Jambo lenyewe ni chupa za rangi ya kucha pamoja na brashi zake. Anayetaka kucheka na acheke, lakini mimi nalipa kodi ya chumba na kununua madaftari ya watoto kwa chupa hizo, na kwa muda mrefu sasa nimeona kwamba zinatupunja.

Kazi yangu ni kupaka rangi za kucha mitaani hapa Dar es Salaam. Natembea na kikapu chenye chupa kama thelathini, pamba, tupa, mkasi na dawa ya kufutia. Akina mama na akina dada wananiita barazani, naketi kwenye kigoda, nafanya kazi, nalipwa, naondoka. Vijana wengi wa kiume tunaifanya kazi hii wala hatuoni haya, maana ni kazi ya halali kama zilivyo nyingine.

Sasa nieleze chombo chenyewe, kwa sababu watu wengi wanakitumia bila kukitazama. Rangi ya kucha ni nitroselulosi iliyoyeyushwa katika vimiminika vinavyoruka upesi, ambavyo mafundi wa kemia huviita ethili asetati na butili asetati. Ni ndugu wa ile rangi iliyopakwa magari huko Marekani katika miaka ya 1920. Vimiminika hivyo vinakula plastiki za aina nyingi, na ndiyo maana chupa yake ni ya kioo. Kifuniko kina kijiti ndani yake, na mwisho wa kijiti mna nyuzi, ambazo mara nyingi ni za nailoni. Nailoni yenyewe iligunduliwa mwaka 1935 katika kampuni ya DuPont, na bidhaa ya kwanza kuuzwa iliyokuwa na nailoni ilikuwa miswaki, mwaka 1938. Kwa hiyo mama anayepaka kucha na mtoto anayepiga mswaki wote wanatumia nyuzi za ukoo mmoja.

Jambo la kuangaliwa ni kwamba kifuniko hiki kimoja kimepewa kazi tatu. Kinaziba chupa, kinachukua rangi, tena ndicho mpini wa kushika wakati wa kupaka. Kazi hizi tatu hazipatani. Mkono unapenda kitu chembamba, kirefu kiasi na chenye mikwaruzo ili kisiteleze. Kuziba kunataka kitu kipana ambacho mtu anaweza kukikaza na kukifungua bila kutafuta koleo. Muuzaji naye anataka kifuniko kikubwa kinachong'aa, chenye umbo la ua au almasi, ili kivutie kwenye meza ya duka. Katika mashindano hayo anayeshinda ni muuzaji. Sisi tunabaki na ua la plastiki linalotuchoma kidole tangu asubuhi hadi jioni.

Sisemi kwamba haiwezekani kufanya vizuri. Mteja wangu mmoja aliwahi kuletewa na nduguye aliyeko Ulaya chupa ya Chanel, akaniita nimpake. Kifuniko chake cha nje ni cha mraba na cheusi, kwa ajili ya macho. Unakivuta kinachomoka, na chini yake unakuta kifuniko kingine kidogo cha duara, na hicho ndicho cha kushika na kupakia. Aliyebuni chupa ile aliona ugomvi niliousema, akaumaliza kwa kuweka vifuniko viwili. Nilimaliza vidole kumi bila mkono kuuma. Bei yake ni jambo jingine, na wala siombi tuletewe chupa za Chanel Kariakoo. Nasema tu kwamba ugomvi huo dawa yake ipo, na kipande cha plastiki cha duara si johari.

Ndugu Mhariri, niruhusu nikae kidogo kwenye shingo ya chupa, kwa sababu hapo ndipo penye ufundi na ndipo penye hasara. Mpakaji anapotoa brashi, hukwangua upande mmoja kwenye mdomo wa chupa ili ibaki rangi ya kutosha kucha moja tu. Shingo ndiyo kipimo chetu. Ikiwa pana mno brashi inatoka imelowa, rangi inamwagika pembeni ya kucha. Ikiwa nyembamba mno nyuzi zinabanwa na kutawanyika kama ufagio wa zamani. Lakini kila tunapokwangua, rangi kidogo inabaki mdomoni, vimiminika vinaruka, rangi inaganda. Siku ya kumi kifuniko hakikai sawasawa tena, hewa inapita, na chupa nzima inaanza kuwa nzito kama asali. Au kinyume chake, kifuniko kinashikana na shingo kama kimegundishwa, ukikinyonga kijiti kinakatika na kubaki ndani. Mdomo wenye ukingo mwembamba uliolainishwa, ulioinuka kidogo juu ya sehemu ya kusokotea, ungeyapunguza sana mambo haya. Chupa nyingi ninazonunua zina ukingo mnene na butu, na rangi inateremka moja kwa moja hadi kwenye msokoto.

Jambo hili la kuganda linawaumiza zaidi wateja wangu wengi wa Kiislamu. Rangi ya kucha inazuia maji ya udhu yasifike kwenye kucha, kwa hiyo mwanamke anayeswali hupaka katika zile siku zake asizoswali, kisha anaifuta. Anayejinunulia chupa yake huifungua siku chache tu kwa mwezi. Akiirudia mwezi unaofuata anakuta imekuwa gundi. Ndiyo maana wengine wananiambia hina ni bora, kwa sababu haizuii udhu wala haihitaji chupa, na kijiti cha kuchorea ni cha bure. Sina jibu la kuwapa.

Wengi wakiona rangi imekuwa nzito wanaongeza asetoni, ile ya kufutia. Nawasihi waache. Asetoni inaruka upesi kuliko vimiminika vya asili vya rangi, na inaivunja rangi ile ikapoteza mng'ao. Iko thina maalumu ya rangi ya kucha, yenye zile asetati nilizozitaja, na matone mawili matatu yanatosha.

Nije kwenye brashi. Ziko za duara nyembamba na ziko bapa pana. Utaratibu mzuri wa kupaka ni mara tatu kwa kila kucha: katikati, kushoto, kulia. Kwa brashi nyembamba dole gumba la mguu linataka mara sita au saba, na kabla hujamaliza ile ya kwanza imeanza kukauka, brashi inaikokota, mistari inaonekana. Kwa brashi pana mno kidole kidogo cha mguu kinazama chote, unamaliza pamba kufuta ngozi. Mimi naona inayofaa ni bapa ya upana wa kati, iliyokatwa mviringo mwishoni ili ifuate mzingo wa kucha kule nyuma. Lakini jambo baya kuliko upana ni ukataji. Katika brashi za bei nafuu utakuta uzi mmoja au miwili imezidi mingine, na uzi huo mmoja unaharibu kazi nzima kwa sababu unachora mstari nje ya kucha. Kila ninaponunua chupa mpya kazi ya kwanza ni kuchukua wembe na kusawazisha brashi. Je, ni haki kwamba mnunuzi amalizie kazi ya kiwanda?

Tena kijiti hakifiki chini. Kwa upande mmoja hili lina sababu, maana brashi ikigusa kitako nyuzi zitapinda. Lakini sababu hiyo inataka kitako kiwe na shimo la mviringo kama kijiko, rangi ikusanyike katikati chini ya brashi. Badala yake tunaletewa chupa za pembe nne zenye kitako bapa na mabega mapana, rangi inajificha kwenye pembe na mabegani ambako brashi haiwezi kupinda. Mimi usiku nazigeuza chupa zilizokwisha na kuzisimamisha mdomo kwa mdomo juu ya nyingine za rangi ileile, nimezizungushia kitambaa. Asubuhi napata rangi ya wateja wawili watatu. Mama watoto anasema nimekuwa bahili. Mimi nasema hiyo ndiyo faida yangu, iliyofichwa kwenye pembe za kioo.

Na hapa ndipo penye malalamiko yangu makubwa. Siku moja nilinunua bomba la sindano duka la dawa, lisilo na sindano, nikachukua chupa tupu tano nilizoziosha kwa asetoni, nikazijaza maji na kupima. Chupa mbili zilikuwa na urefu mmoja na upana mmoja, ungedhani ni pacha. Moja ilichukua mililita 14. Nyingine ilichukua 8. Tofauti yote ilikuwa kioo: kitako chake kilikuwa kinene kama kitako cha bilauri ya baa. Najua kioo kinene kina kazi yake, kwa sababu chupa nyepesi inaanguka ovyo. Yamewahi kunikuta katika nyumba yenye harusi, chupa ndefu yenye kitako chembamba ililala juu ya kitenge cha shangazi wa bibi harusi, nikalipa kitenge kile kwa mapato ya siku nne. Kwa hiyo uzito chini nautaka. Lakini uzito na udanganyifu ni vitu viwili. Chupa ile ya mililita 8 haikuwa na maandishi yoyote ya ujazo, wala kwenye kioo wala kwenye karatasi, na niliinunua kwa bei ileile ya mwenzake.

Kampuni kubwa zinaandika. Chupa ya OPI ya kawaida ni mililita 15, ya Essie ni 13.5, ya Chanel ni 13, na mnunuzi anajua analipia nini hata kama umbo linamdanganya macho. Wakulima wetu wa viazi na vitunguu wamelia miaka mingi kuhusu lumbesa, yaani kuongezewa kilemba juu ya gunia kwa bei ya gunia moja. Sisi kilio chetu ni lumbesa iliyogeuzwa: gunia limejazwa mawe chini. Kama Wakala wa Vipimo wanaweza kukagua ujazo wa chupa ya mafuta ya kula, naona wanaweza pia kusimama siku moja kwenye maduka ya jumla na bomba la sindano kama langu. Shirika la Viwango nalo, ambalo tangu mwaka 2019 limekabidhiwa mambo ya vipodozi yaliyokuwa chini ya iliyokuwa TFDA, linaweza kuwadai waagizaji waonyeshe ujazo kabla mzigo haujaingia sokoni.

Kwa waagizaji wenyewe nina ombi jingine. Walete brashi za akiba. Shingo nyingi za chupa hizi ni za milimita 13 au 15, kwa hiyo aina mbili tu za vifuniko zingewatosha wapakaji wengi. Leo brashi ikitawanyika natupa chupa yenye rangi nusu, au nahamisha kifuniko kutoka chupa nyingine nyekundu kwenda ya waridi, na rangi zote mbili zinaharibika. Tena si lazima zitoke nje. Tunalo shirika la SIDO tangu mwaka 1973 kwa ajili ya viwanda vidogo vya namna hii hasa, na kifuniko chenye kijiti na nyuzi ni kitu ambacho kijana mwenye mashine ya kuyeyushia plastiki anaweza kukijaribu. Akishindwa kwenye nyuzi, aagize nyuzi peke yake.

Wenzangu wa kazi nao nawaomba tuifute midomo ya chupa kwa pamba yenye dawa kila jioni. Ni nusu saa. Nimeifanya tangu mwaka jana na sijakata kijiti hata kimoja.

Zile chupa tano nilizopima bado ninazo, na ile ya mililita 8 nimeiandika ubavuni kwa kalamu ya wino. Ofisi yoyote inayohusika ikihitaji kuziona, ninaweza kuzileta asubuhi yoyote kabla sijatoka na kikapu.

Mpaka Rangi wa Mitaani,
Dar es Salaam.