Nyama na mboga visiingie pamoja

Dada, pale unaposema katika makala yako kwamba nyama na sukuma wiki viingie pamoja na kufunikwa, naomba nipinge. Vikifunikwa vinatoa maji: nyama inachemka badala ya kukaangika, na mboga inapoteza rangi yake ya kijani.

Ng'ombe wetu wengi hutembea sana malishoni, kwa hiyo nyama yao ni ngumu. Omba steki buchani, uikate vipande vyembamba kwa kukingama na nyuzi, usizifuate. Ikiwa imeganda kidogo, kisu kinapita vizuri zaidi. Kwa nusu kilo, changanya na nusu kijiko cha chai cha bikaboneti ya soda, subiri dakika 15, suuza, kisha ikaushe kabisa kwa kitambaa safi. Hapo kwenye kukausha ndipo wengi wanaporuka, na ndipo ladha ilipo!

Karai lipate moto hasa. Kaanga nyama kwa mafungu mawili, dakika 2 hivi kila fungu, uitoe. Ndipo viingie kitunguu, tangawizi, kitunguu saumu na hoho, halafu sukuma iliyokatwa nyembamba na kukung'utwa maji. Chumvi iwe ya mwisho, kwa sababu huvuta maji ya mboga. Rudisha nyama, kamulia ndimu, epua. Ugali uwe umeshasongwa.

Tafadhali rekebisha hatua ile ya kufunika. Wapo wanaojifunza kupika kupitia makala zako, na wanaifuata kama ilivyo.