Limau, Viazi na Uvivu wa Mhakiki

Wapo wahakiki wanaodai kwamba filamu ya majaribio inayofuata mtindo wa uchache haina maudhui: haina msuko, haina mgogoro, hakuna kinachotendeka. Wapo pia watetezi wake, ambao hudhani wameipa heshima wanapotamka kuwa inadhihirisha uzuri wa vitu vya kawaida. Tunashikilia kuwa makundi haya mawili yanatenda kosa moja: yote hukitazama kitu na kuusahau wakati.

Tuchukue Lemon (1969) ya Hollis Frampton. Kwa takriban dakika saba, bila sauti, limau moja limewekwa mbele ya kamera huku mwanga ukilipitia polepole hadi likabaki umbo jeusi. Asemaye kuwa hapa hakuna tendo hajatambua kwamba mwanga ndio mhusika mkuu. Naye asemaye kuwa limau hilo ni zuri kwa sababu ni limau, atujibu: mbona yale ya sokoni hayamsimamishi?

Udhaifu wa sifa hiyo hujitokeza zaidi katika Jeanne Dielman (1975) ya Chantal Akerman, filamu ya dakika 201. Mjane wa Brussels anamenya viazi, anatandika kitanda, anang'arisha viatu vya mwanawe, na kila alasiri anampokea mwanamume anayemlipa. Kamera imetulia, kazi inachukua muda wake. Siku ya pili viazi vinaiva kupita kiasi, na mtazamaji aliyekwisha kuuzoea utaratibu wa jikoni mle anashtuka. Mgogoro anaoutafuta mhakiki umo ndani ya sufuria ile. Mauaji ya siku ya tatu ni tamati yake tu. Kuvisifu viazi na kuunyamazia mkono unaovimenya ni kulifanya jasho la mwanamke kuwa pambo.

Mwaka 2022, kura ya wahakiki iliyoendeshwa na jarida la Sight and Sound iliipa filamu hiyo nafasi ya kwanza. Kura si hoja, na hatuitumii kama hoja. Linalotuhusu sisi tunaofundisha uhakiki ni mwanafunzi tuliyemzoeza kusaka msuko na funzo pekee. Akiketishwa mbele ya filamu hii ataiona tupu, na hatutakuwa na haki ya kumlaumu, kwa kuwa zana alizonazo ni zile tulizompa.